Wakwe wanakuja kulala: niwaandalie nini Jumapili asubuhi?

*Swali: Shikamoo mama. Mimi ni wa Tanga, nimeolewa Hannover, huu ni mwaka wa pili. Jumamosi ijayo wakwe zangu wanakuja kulala kwetu kwa mara ya kwanza, na mume wangu amewaahidi kifungua kinywa cha Kijerumani cha kizamani, nikipike mimi. Nimetafuta mtandaoni nikakutana na Bauernfrühstück: viazi vya kukaanga, mayai, vitunguu na nyama ya nguruwe. Kwetu nguruwe haingii, kwa hiyo nimeona nikaange soseji za kuku na viazi, niongeze na maharage. Mume wangu kasikia akacheka, hasemi anachekea nini. Nipike nini? Na wakati wanakula, nikae nao au nisimame niwahudumie?*

Marahaba mwanangu, na hongera kwa ugeni. Nimeoka mikate huku Ujerumani miaka 18, na swali lako nililibeba mwenyewe nilipofika, bila mtu wa kumuuliza. Kwa hiyo nitakujibu kwa kirefu.

Mumeo amecheka kwa sababu ya jina. Bauernfrühstück maana yake ni kifungua kinywa cha mkulima, na mkulima aliyeamka usiku kukamua ng'ombe alihitaji shibe ya namna hiyo. Siku hizi hicho ni chakula cha mchana au cha jioni, njia nzuri ya kumaliza viazi vilivyobaki jana. Ukimwekea mama mkwe asubuhi atakula, atakushukuru, na macho yake yatakuwa yanautafuta mkate.

Huko ndiko nataka nguvu zako ziende. Neno lenyewe Frühstück, ukilipasua, ni "kipande cha mapema", yaani kipande cha mkate cha alfajiri, na mpaka leo mlo huo ni mkate na vya kuuzunguka. Vinavyopita kwenye moto ni vitatu tu: mikate midogo, mayai, na maji ya kahawa. Vingine vyote vinakaa mezani baridi.

Najua hapo moyo umeshtuka. Kwetu mgeni aliyelala nyumbani kwako ukamwekea mkate na jibini baridi, habari zitafika Chumbageni kabla ya adhuhuri. Mgeni anaamka akute mahamri ya moto na mbaazi za nazi, na chai imeshatiwa iliki. Mimi mwaka wa kwanza niliwakaribisha jirani zangu wawili, mzee na mkewe, nikaamka saa 10 alfajiri nikakaanga kila kinachokaangika. Walikula kidogo kidogo kwa adabu, kisha yule mama akaniuliza kwa sauti ya chini kama kuna mkate na siagi. Nilidhani nimewaudhi, kumbe yeye ndiye aliyeogopa ameniudhi. Nilichojifunza siku ile ni kwamba heshima ya mgeni ipo huku kama ilivyo kwetu, ila inatazamwa kwa vitu vingine: mkate umeokwa leo, yai limehesabiwa dakika zake, siagi imelainika, na mwenye nyumba hana haraka.

Basi tuanze na mikate. Mwaka 2014 utamaduni wa mkate wa Kijerumani uliandikwa katika orodha ya taifa ya urithi usioshikika, na daftari la aina za mikate linalotunzwa na taasisi yao ya mkate lina zaidi ya aina 3,000. Usiogope hesabu hiyo. Jumapili asubuhi nyumbani wanataka aina moja kwanza, nayo ni Brötchen, mkate mdogo wa ngano unaotosha kiganjani, ganda lake linavunjika kwa sauti na ndani ni mweupe, mwepesi. Muulize mumeo wazazi wake wanauitaje, maana jina linabadilika kila unapovuka mto: Berlin ni Schrippe, Hamburg utasikia Rundstück, Bavaria ni Semmel, na kusini-magharibi ni Weck. Ukimkaribisha mama mkwe kwa jina la kwao, utakuwa umeshafanya nusu ya kazi.

Dukani chukua unga wa ngano wenye namba 550. Wengi wetu tunadhani namba ile ni daraja la bei. Ni kipimo cha madini yanayobaki unga ukichomwa kabisa: takriban miligramu 550 katika gramu 100 za unga mkavu. Namba ndogo ni unga mweupe zaidi. 405 ni wa keki, ukiutumia hapa mkate utalegea. 1050 ni wa rangi ya udongo, una ladha nzuri lakini mikate itakuwa mizito. Shika 550.

Fanya kazi hii Jumamosi usiku, wageni wakishaingia kulala au baada ya isha, utakavyopenda. Pima unga gramu 500, maji baridi ya bomba mililita 310, chumvi gramu 10, siagi gramu 10, asali kijiko kimoja cha chai, na hamira mbichi gramu 5. Hamira mbichi inauzwa kwenye friji za duka ikiwa kipande cha mraba cha gramu 42, kwa hiyo kata kama sehemu moja ya nane. Utaona ni kidogo mno, mkono utakuwashwa uongeze. Usiongeze. Usiku mzima unafanya kazi badala ya hamira, na mkate uliochachuka polepole ndio wenye harufu. Aliyeweka kipande kizima ili uumuke kwa saa moja atapata mkate unaonuka hamira na kukauka kabla ya mchana.

Kanda kwa mkono dakika 10. Donge hili ni laini kuliko la chapati, linakaribia la maandazi, na mwanzoni litakunata. Vumilia bila kunyunyiza unga. Kufika dakika ya saba au ya nane litaanza kuachia meza lenyewe na litang'aa kidogo. Liache jikoni nusu saa, kisha litie kwenye bakuli lenye nafasi ya kufura mara mbili, funika vizuri, weka kwenye friji, kalale.

Msimu huu wa baridi alfajiri ya huko inachelewa, na hiyo ni neema kwako. Ukiamka kuswali, toa bakuli kwenye friji kwanza ili donge lipungue ubaridi ukiwa kwenye mswala. Saa 1 hivi ligawe mafungu 10 yaliyolingana, kama gramu 83 kila moja ukiwa na mizani. Kila fungu likunje kingo kuelekea katikati, ligeuze, kisha lizungushe chini ya kiganja mpaka ngozi ya juu ivutike na kuwa nyororo, kama unavyofanya madonge ya chapati lakini kwa mkono mkavu zaidi. Yapange kwenye karatasi ya kuokea, yafunike kwa kitambaa, yaache karibu saa nzima. Kujua kama yako tayari, bonyeza moja kwa ncha ya kidole: shimo likirudi upesi bado, likirudi polepole ni tayari, lisiporudi umechelewa.

Oveni iwashe mapema, nusu saa kabla, digrii 230. Kwenye oveni za huku chagua alama ya mistari miwili, mmoja juu na mmoja chini, siyo ya feni, kwa sababu feni inakausha ngozi ya mkate kabla haujapanda. Chini kabisa weka sinia tupu la chuma lipate moto pamoja na oveni. Karibu saa 2 na robo, kata kila mkate mstari mmoja juu kwa kisu kikali sana, kina kama sentimita moja, bila kusitasita. Ingiza mikate, mimina kikombe cha maji yanayochemka kwenye lile sinia la chini, funga mlango papo hapo. Uso uweke mbali, mvuke unaruka kwa nguvu, na angalia tone lisiangukie kioo cha mlango kikiwa cha moto kisije kikapasuka.

Mvuke huo ndio siri. Unaiweka ngozi ya mkate ikiwa laini dakika za mwanzo ili ndani ipate kupanda na ule mkato ufunguke, halafu wanga wa juu unayeyuka kidogo na kuacha mng'aro. Baada ya dakika 10 fungua mlango mvuke utoke, kisha oka dakika nyingine 8 mpaka 10 bila unyevu ganda likauke. Ukigonga mkate kwa chini usikie sauti tupu, umeiva. Utoe uweke juu ya wavu, kisha inama usikilize: ganda linapopoa linapasuka nyufa ndogondogo na kulia, ti, ti, ti. Kwenye tanuri nililofanya kazi, tulikuwa tukinyamaza wote kidogo sinia la kwanza likitoka, tusikie. Ukiisikia sauti hiyo jikoni kwako, mwanangu, kazi kubwa imeisha.

Sasa angalizo moja kubwa kwa sisi wa pwani. Tumezoea kikitoka cha moto kiingie kwenye hotpoti. Usifanye. Mvuke wa mkate wenyewe ukikosa pa kutokea utarudi kwenye ganda, na ndani ya dakika 15 utakuwa na skonzi. Weka kikapu, tandika kitambaa, mikate ikae wazi. Ikipoa ni sawa kabisa, hawaitaki ya kuunguza mkono.

Na ikiwa donge litagoma, usilie. Maduka huku yanafungwa Jumapili, lakini waokaji wengi wanaruhusiwa kufungua saa chache asubuhi, na mtu wa nyumbani kutoka kwenye baridi kwenda kununua mfuko wa Brötchen za moto ni desturi yao ya miaka mingi. Mtume mumeo. Hakuna atakayekuhesabia.

Pamoja na Brötchen nunua Jumamosi mkate mmoja mweusi, nusu yake inatosha, ukatwe vipande dukani. Baba wa umri huo mara nyingi anataka kipande kimoja cha mkate wa rai, nafaka ya nchi za baridi inayofanana na ngano, ule wenye uchachu. Ukipata Pumpernickel ya Westfalen, vipande viwili vitatu vinatosha meza nzima: ni mkate wa rai usio na ganda, unaookwa kwa moto mdogo si chini ya saa 16, mpaka unakuwa mweusi na mtamu bila kutiwa sukari. Ule na siagi na jibini.

Tuje kwenye yai. Hapa ndipo Wajerumani wanapokuwa watu wa hesabu, na mimi nimewapenda kwa hilo. Usiku wa Jumamosi, kabla hawajalala, muulize kila mmoja anataka yai lake vipi. Watakujibu kwa dakika. Yai la ukubwa wa M, ambalo ni gramu 53 mpaka 63, likitoka kwenye friji na kuingia kwenye maji yanayochemka: dakika 5 kiini ni maji na weupe umeshika kwa shida, dakika 6 na nusu weupe umeshika na kiini ni kama asali nzito, dakika 8 kiini kimeganda pembeni na katikati bado kina unyevu, dakika 10 limekauka. Likiwa L ongeza kama dakika moja. Wengi watakwambia 6. Aliyesema 6 asipewe 9, ni sawa na kumpa chai ya sukari mtu aliyeomba kavu.

Toboa kila yai tundu dogo kwa pini upande ule butu wenye hewa, wao wana kifaa chake kila nyumba, na sababu wanayoitoa ni kwamba linapunguza kupasuka. Literemshe kwa kijiko, usiangushe. Saa ianze yai linapozama. Muda ukifika mwaga maji ya moto, pitisha maji baridi ya bomba nusu dakika ili lisiendelee kuiva ndani ya gamba, kisha liweke kwenye kikombe chake cha yai, sehemu butu juu. Kuna vikofia vya sufi vya kulivika lisipoe. Kama mama mkwe ni wa kufuma, pengine atakuletea Krismasi ijayo. Kijiko cha yai kisiwe cha fedha halisi, kiini kinakigeuza cheusi na ladha inakuwa ya chuma. Cha chuma cha pua au cha plastiki ni sawa. Na chumvi ndogo iwe karibu.

Jambo dogo ambalo mama mkwe ataligundua: mayai ya huku yana mhuri. Namba ya kwanza inasema kuku anaishije. 0 ni wa kilimo hai, 1 anatoka nje, 2 yuko bandani bila kizimba, 3 ni wa kizimba. Herufi DE maana yake limetagwa Ujerumani. Nunua 0 au 1. Kwa yai la kiini kibichi angalia pia tarehe kwenye boksi, inayohesabiwa siku 28 tangu kutagwa, na uchukue lenye tarehe ya mbali.

Watu wengine watakushauri uvuruge mayai kwa siagi na majani ya kitunguu. Ni tamu, na ni ya Kijerumani vilevile, lakini ukiweka yote mawili meza inakuwa ya hoteli. Kwa watu wanne Jumapili, yai la kuchemsha linatosha na lina adabu zaidi.

Suala la nguruwe. Usiwe na wasiwasi nalo, na usiombe radhi. Wajerumani wengi siku hizi hawali nyama kabisa, na meza isiyo na nguruwe si kitu cha kumshangaza mtu. Hatari iko kwingine: kwenye hizo soseji za kuku ulizotaka kununua. Soseji au salami iliyoandikwa Geflügel, yaani nyama ya kuku na jamii yake, kwa herufi kubwa mbele inaweza kuwa na mafuta ya nguruwe ndani, na hayo yameandikwa kwa herufi ndogo nyuma. Geuza pakiti usome. Ukiona Schwein (nguruwe), Speck (nyama yake ya mafuta) au Schmalz (mafuta yake yaliyoyeyushwa), irudishe. Gelatine, kigandishi kinachotoka kwa wanyama, bila maelezo ya ilikotoka nayo iache. Huko Hannover maduka ya Waturuki hayako mbali: chukua salami ya ng'ombe na kifua cha bata mzinga kilichokatwa karatasi karatasi, gramu 100 za kila kimoja zinatosha. Na kwa mkate wa dukani wa kununua bila pakiti, uliza kama una Schmalz, maana baadhi ya waokaji bado wanaitumia kwenye aina fulani.

Mimi lakini, kama ni meza yangu, ningeweka samaki. Salmoni wa kuvutwa moshi, vipande vyembamba, na limao pembeni, ni cha Jumapili na sikukuu kwao. Baba mkwe akiona salmoni hataulizia nyama.

Jibini weka aina mbili, moja ngumu ya kukata na moja laini. Kama unaangalia kimeng'enya cha kugandishia maziwa, pakiti nyingi zinasema: mikrobielles Lab hakitoki kwa mnyama. Kata tango, nyanya na figili zile ndogo nyekundu. Siagi itoe kwenye friji mara tu ukiamka, iwekwe kwenye kisahani chake. Siagi ngumu inararua Brötchen, na hakuna anayefurahia kupaka mawe.

Kisha vitamu. Asali, na jamu. Kwenye chupa nyingi utaona limeandikwa Konfitüre, lakini mama mkwe ataita Marmelade, ni kitu kilekile. Na hapa, mwanangu, ndipo ninapotaka uingize Tanga mezani. Wiki hii tengeneza jamu ya embe. Kuna sukari inayouzwa huku kwa kazi hiyo, Gelierzucker, imeshachanganywa na pektini, kigandishi kinachotoka kwenye matunda, kwa hiyo haina neno kwetu. Chukua ile ya 2:1: maembe yaliyomenywa kilo 1, sukari hiyo nusu kilo, na maji ya malimao mawili kwa sababu embe halina uchachu wa kutosha kushika. Saga nusu ya embe, nusu iache vipande vidogo. Ipandishe moto mpaka ichemke kwa fujo, hesabu dakika 4 huku unakoroga, mimina kwenye chupa zilizosafishwa kwa maji ya moto, funga. Punje moja ya iliki iliyotwangwa inatosha chupa zote. Kila nyumba ya Kijerumani ina jamu ya mama au ya bibi, yenye lebo ya mkono na mwaka. Wewe sasa una yako, na hiyo ndiyo mila yenyewe ya Kijerumani.

Kahawa. Wakwe wa umri huo wanataka ya chujio, na nyingi. Karatasi ya kuchujia kahawa ilibuniwa na mama wa nyumbani wa Dresden, Melitta Bentz, mwaka 1908: alichoka na machicha kikombeni, akatoboa kopo la shaba kwa msumari, akatandika ndani karatasi ya kukaushia wino kutoka daftari la mwanawe. Akasajili haki ya ubunifu wake mwaka huohuo. Kampuni ina jina lake hadi leo. Pima gramu 60 za kahawa kwa lita moja ya maji, maji yakishachemka yaache nusu dakika, lowesha unga kwanza kwa maji kidogo uvimbe, halafu mimina polepole kwa mizunguko. Iingie moja kwa moja kwenye chupa ya chai uliyoisuuza kwa maji ya moto, ikae mezani. Ukiwa na kahawa ya Kilimanjaro, tumia hiyo, na uwaambie imetoka wapi. Maziwa na sukari kando.

Wewe kunywa chai yako ya tangawizi bila kuona haya. Tena uliza vizuri: ikiwa wakwe wana asili ya Ostfriesland, pwani ile ya kaskazini-magharibi, basi hao ni watu wa chai kuliko sisi. Wanaweka jiwe la sukari kikombeni, wanamimina chai nyeusi kali juu yake mpaka sukari inalia na kupasuka, kisha wanateremsha krimu kwa kijiko pembeni mwa kikombe ipande kama wingu. Na hawakorogi. Unakunywa kwanza krimu, halafu uchungu, halafu utamu wa chini. Ukiwafanyia hivyo wataisahau kahawa.

Meza ipange usiku. Kila mtu sahani ndogo au kibao cha mbao, kisu, kijiko cha chai, kikombe cha yai, kikombe cha kahawa, leso. Kila chupa ya jamu iwe na kijiko chake, na sahani ya nyama iwe na uma wake, kwa sababu kisu kilichopaka siagi yako hakiingii kwenye jamu ya wote. Asubuhi unaleta tu vya baridi, kikapu cha mikate, na mwisho kabisa mayai, watu wakiwa wameshakaa.

Kwa hiyo kuhusu kusimama au kukaa: kaa. Kaa tangu mwanzo. Kila kitu kiko mezani makusudi ili asiwepo wa kusimama. Ukizungukazunguka na birika, mama mkwe atainuka akusaidie, baba naye atajihisi anakuchosha, na mlo utavurugika. Utaona wanakata Brötchen kwa ubavu, wanapaka siagi nusu zote mbili, nusu ya kwanza wanakula na jibini au nyama, ya pili na jamu. Halafu wanaanza tena. Katikati wanasimulia: nani ameumwa, nani amehama, theluji ya mwaka ule. Inaweza kufika saa 5 mko palepale, na hiyo ni dalili kwamba wamestarehe. Mama mkwe akishakula kimoja, sogeza kikapu kwake na useme tu "Noch eins?", yaani "Kimoja zaidi?", umwongezee kahawa, uketi tena.

Vyombo viache hapohapo na makombo yake mpaka yeye mwenyewe asogeze kiti nyuma. Mikate ikibaki, kesho ipitishe chini ya bomba mara moja, irudishe kwenye oveni ya digrii 200 kwa dakika 5, na ganda litalia tena.